Wakili aliyetushauri tuiondoe kesi yetu mahakamani: huduma niliyoipata Mwanza mjini

Nyota nne kati ya tano, na hiyo moja niliyoibana ntaeleza mbele kwa nini.

Naandika hii kwa ajili ya wenzangu wa mwaloni, pale mitumbwi inaposhushia samaki, na yeyote mwenye kesi iliyokwama ambaye anaogopa kusikia neno "tuiondoe". Mimi ni katibu wa kikundi chetu cha wamama wanaoanika dagaa upande wa Ilemela, tupo kumi na mmoja, na mwaka huu nimepanda ngazi za ofisi za mawakili kuliko nilivyopanda mwaka wowote maishani. Jina la ofisi siliweki, wakili mwenyewe alisema asingependa ionekane kama tangazo na nimeheshimu. Anayeitaka kweli aniulize nitamwelekeza, ipo katikati ya mji, ghorofa ya tatu, chini kuna duka la vipuri.

Tarehe 10 Februari tukaletewa barua kutoka mamlaka fulani, kwamba vichanja vyetu vya kuanikia dagaa vipo ndani ya mita 60 za ziwa na ndani ya siku 14 tuwe tumeviondoa vyote. Hakuna aliyekuja kutupimia, hakuna aliyetuita kutusikiliza, barua tu imebandikwa kwenye nguzo ya banda na nyingine kapewa mwenyekiti mkononi. Siku hiyohiyo vichanja vinne vya mwisho kule karibu na maji vikang'olewa na dagaa wakiwa juu yake. Mama mmoja alikuwa ametandaza ndoo tisa za usiku ule, zote zikaishia mchangani. Anayewajua dagaa anajua wakishashika mchanga mbichi hivyo hakuna mnunuzi, unauza chakula cha kuku kwa bei ya kutupa.

Tukachangishana tukaenda kwa wakili wa kwanza, naye simtaji. Tukalipa milioni moja na laki mbili, akatufungulia shauri la kikatiba Mahakama Kuu, akaandika ibara ya 22 haki ya kufanya kazi na ibara ya 24 haki ya kumiliki mali, sisi tukafurahi sana jamani, yaani ukisikia Katiba unaona hapo ndo pakubwa kuliko kote, nani atakushinda ukiwa na Katiba mkononi. Na kweli barua ile haikutekelezwa tena kwa sababu kesi ipo mahakamani. Tukaendelea kuanika. Machi, Aprili, Mei tukiuliza tunaambiwa tulieni mama zangu mambo yanaenda. Mwezi wa sita upande wa pili wakaleta pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria kwamba kesi isisikilizwe kabisa. Wakili wetu akawa hapokei simu, nikituma ujumbe wasap naona tiki mbili za bluu na majibu hamna.

Ndipo dada mmoja anayefanya usaidizi wa kisheria kwenye kata akanielekeza kwa huyu wa ghorofani. (Hao wasaidizi wa kisheria wanatambuliwa na sheria ya msaada wa kisheria ya mwaka 2017, hawalipishi, ukikwama anzia kwao, mimi nilichelewa kuwajua.)

Siku ya kwanza nimefika saa mbili kasoro asubuhi nimetoka mwaloni moja kwa moja, nanukia dagaa na nilijua nanukia, ila sekretari alinipa kiti na maji kama anavyompa mtu yeyote. Nikalipa elfu hamsini ya ushauri nikapewa risiti ya EFD, ile ya mashine ya kodi, papo hapo bila kuidai. Nalisema hili kwa sababu kule kwa kwanza milioni na zaidi imeenda kwa karatasi ya daftari.

Wakili akaomba faili lote. Akasoma kimya kama nusu saa hivi, hakuniambia kitu chochote cha kunitia moyo wala kunitisha, anasoma tu na kupiga mistari kwa penseli. Alafu swali lake la kwanza halikuwa kuhusu Katiba wala kuhusu mita 60. Akauliza, mama, hii barua mliipokea tarehe ngapi? Nikamwambia kumi Februari. Akavuta kalenda ya ukutani, ile ya benki yenye picha za wanyama, akaishusha kabisa kwenye msumari akailaza mezani, akazungushia tarehe 10 Februari kwa peni nyekundu, akahesabu miezi kwa kidole, akazungushia tena mwanzoni mwa wiki ya pili ya Agosti. Akaniambia leo ni tarehe 17 Juni, hapa katikati mna siku hamsini na kitu na kesi mliyonayo mahakamani inazila.

Sikuelewa. Akanielewesha na namshukuru alitumia Kiswahili mwanzo mwisho.

Ni hivi. Shauri la kikatiba la kudai haki za msingi linaendeshwa na Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi, Sura ya 3. Kwenye sheria hiyo kifungu cha 8(2) kinaizuia Mahakama Kuu kutumia mamlaka yake kama inaona mlalamikaji ana njia nyingine ya kutosha ya kupata nafuu chini ya sheria nyingine. Alafu mwaka 2020 ikafanyiwa marekebisho, ikaongezwa kwamba kabla hujaenda huko lazima uwe umemaliza kwanza njia zote za nafuu zilizopo kwenye sheria nyingine, na uapie kwamba wewe mwenyewe binafsi umeathirika. Sasa sisi njia nyingine ipo wazi kabisa: uamuzi wa mamlaka ya umma uliotolewa bila kumsikiliza mtu unapelekwa Mahakama Kuu kwa njia ya mapitio ya kimahakama, unaomba jaji aufute. Na hiyo njia ina saa yake. Kanuni za mapitio hayo za mwaka 2014 zinataka kwanza uombe kibali cha kuyafungua, ndani ya miezi sita tangu uamuzi utolewe. Miezi sita yetu ilikuwa inaisha Agosti.

Yaani pingamizi la upande wa pili, kwamba tumeruka njia nyingine, lilikuwa la kweli. Tungekaa tunabishana nalo hadi Septemba tungeshindwa, tungetoka pale tukakuta na mlango wa pili umefungwa. Wakili wa kwanza aidha hakuliona hilo au aliliona akanyamaza, na hadi leo nikilifikiria linaniuma, kwa sababu zile hela zilitoka kwenye vikoba vya wamama wenye watoto shuleni.

Nikauliza kwani muda tuliokaa mahakamani hauhesabiwi? Akasema msiutegemee. Kwenye kanuni za mashauri ya madai, Amri ya 23, ukiondoa shauri lako ukafungua jingine, ukomo wa muda unahesabiwa kana kwamba lile la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Na kwenye amri hiyohiyo kuna kitu ambacho kila mtu mwenye kesi akishike: kuondoa kesi kupo kwa namna mbili. Unaweza kuondoa tu, basi, umeondoa, na hapo huruhusiwi kurudi na madai yaleyale na gharama za mwenzako unaweza kubebeshwa. Au unaomba kuondoa kwa ruhusa ya mahakama ya kufungua upya, unaeleza kasoro ni nini au sababu ya msingi ni ipi, mahakama ikiridhika inakupa ruhusa na mlango unabaki wazi. Maneno machache kwenye amri ya mahakama, ila ndo yanaamua kama umepoteza kila kitu au umebadili njia. Na alinionyesha tofauti na kesi kutupwa baada ya kusikilizwa, hiyo ikishatupwa imekwisha, kilichobaki ni rufaa.

Nikarudi mwaloni na habari hiyo na hapo ndo pakawa pagumu.

Wamama walinigeuka. Siwalaumu. Mtu umemchangisha laki na zaidi, umemwambia tuna kesi Mahakama Kuu, leo unakuja kumwambia tunaiondoa wenyewe, atafikiri nini? Mmoja akasema mbele ya watu kwamba katibu kanunuliwa. Nililia usiku ule, sisemi uongo. Kesho yake nikampigia wakili nikamwambia siwezi kuwashawishi peke yangu, akasema mama ntakuja mwenyewe.

Na alikuja. Saa moja asubuhi, kwa bodaboda, muda ambao dagaa wa usiku ndo wanatandazwa. Hakutuitisha kwenye kiti, alisubiri tumalize kutandaza, akawa anatusaidia kusogeza makarai. Kabla hajasema kitu chochote kuhusu kesi akatoa tepu ya kupimia, ile ndefu ya mafundi, akampa kijana mmoja ashike ncha pale maji yanapoishia, wakapima hadi kichanja cha kwanza, cha pili, hadi cha mwisho, na kila kipimo anakiandika na kupiga picha. Vichanja sita vilikuwa nje ya mita 60. Sita! Barua ilisema vyote. Akatuuliza na maji yalikuwa wapi zamani, wazee wakamwonyesha, kwa sababu ziwa lilivyojaa mwaka 2020 lilimeza mwalo wetu sehemu kubwa na halikurudi lilipokuwa, kwa hiyo kuna vichanja havikusogea hata hatua moja ila ziwa ndo limevifuata. Akatusomea na sheria yenyewe, Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 kifungu cha 57, inakataza ndani ya mita 60 shughuli za kudumu au zile ambazo kwa asili yake zinaweza kuharibu mazingira. Akagonga kichanja chetu kwa mkono, miti na nyavu chakavu, akasema hoja kama hizi ndo mlipaswa kuulizwa kabla ya barua, na ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inataka mtu asikilizwe kikamilifu haki zake zinapoamuliwa. Akasema Katiba hamuiachi, mnaenda nayo, mnapita tu mlango ambao sheria inataka mpite kwanza.

Mzee mmoja mvuvi alikuwa amekaa pembeni anashona nyavu na wala si mwanakikundi, akasema nyie wamama, nyavu zikinasa kwenye mawe si mnazitoa kabla hazijachanika? Mmeacha kuvua? Hapo ndo yule mama aliyenisema akacheka, akasogea, akauliza tunasaini wapi.

Tulisaini wote kumi na mmoja, maelekezo ya maandishi kwamba tumeelewa na tumekubali, pamoja na karatasi ya kubadili wakili. Hakukubali nisaini kwa niaba ya wengine hata wawili waliokuwa Ukerewe kwenye msiba, akasema tutawasubiri na tukawasubiri siku nne.

Sasa hapa pana jambo lililonifanya niandike review hii yote. Mimi hofu yangu kubwa ilikuwa ile siku ya katikati. Kesi ndo iliyokuwa inatukinga, tukiiondoa asubuhi si jioni wanakuja na nyundo? Nikamuuliza akasema umeuliza swali zuri. Kumbe alishapanga. Hakwenda kuiondoa mpaka maombi mapya yamekamilika yote: maombi ya kibali, maelezo, viapo vyetu, picha za vipimo, barua yenyewe, hati ya dharura, na ombi kwamba kibali kikitolewa basi kiwe pia zuio la ile barua mpaka shauri liishe. Kila kitu kipo tayari kwenye kompyuta kinasubiri tu.

Tarehe 3 Julai tukaingia mahakamani. Wakili akasimama akaeleza wazi kwamba waombaji wamebaini kuna nafuu nyingine kwenye sheria ambayo hawajaipitia na wanaomba kuliondoa shauri kwa ruhusa ya kufuata njia stahiki. Wakili wa Serikali hakupinga kuondolewa ila akaomba gharama, akasema wameshaandaa majibu na pingamizi. Wakili wetu akajibu kwa upole, hawa ni waanika dagaa, wameliondoa mapema kabla halijasikilizwa na hawajaipotezea mahakama muda. Jaji akaandika akasoma: shauri limeondolewa, waombaji wanaruhusiwa kufungua shauri stahiki kwa kuzingatia sheria ya ukomo wa muda, kila upande ubebe gharama zake. Dakika kumi na tano hazikufika. Nilikuwa nimejiandaa kwa siku nzima, nimebeba na mihogo.

Kesho yake saa nne asubuhi maombi mapya yakaingia kwenye mfumo wa mahakama, kontroo namba ya malipo ikaja kwenye simu yangu, nikalipa nikiwa nimesimama kwa wakala wa Mixx (zamani Tigo Pesa) pale Mlango Mmoja. Usiku wa tarehe 3 hatukulala, tulikaa mwaloni tumewasha moto. Hakuna aliyekuja.

Mwishoni mwa Julai kibali kimetoka na zuio ndani yake, na maombi yenyewe ya mapitio yamefunguliwa ndani ya zile siku 14 zinazotakiwa baada ya kibali. Shauri kubwa bado, sijui litaishaje na sitaki kudanganya mtu kwamba tumeshinda. Vile vichanja vinne vilivyobomolewa ni habari nyingine, hiyo fidia ni kesi ya madai ya kawaida, inataka kwanza notisi ya siku 90 kwa Serikali na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe la sivyo kesi haisimami. Notisi tumeshaipeleka, siku zinahesabika huku lile jingine linaendelea.

Gharama: kuondoa shauri alitutoza laki tatu, maombi ya kibali laki nane kwa awamu mbili, mengine yatafuata kwa makubaliano ya maandishi ambayo nakala ninayo. Sio rahisi kwa watu wa kipato chetu. Ila kila shilingi najua imefanya nini.

Sasa hiyo nyota moja. Kwanza simu ya ofisi asubuhi haipokelewi, sekretari anakuwa mahakamani na wakili, na sisi watu wa mwaloni asubuhi ndo muda tunaoweza kuwa na wasiwasi. Wangeweka hata kijana mmoja. Pili, nyaraka zote zimeandikwa Kiingereza. Najua alitusomea kila ukurasa kwa Kiswahili kabla hatujaapa, hilo silikatai, lakini sheria ilishabadilishwa tangu 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, basi tupeni hata nakala moja ya Kiswahili tukasome wenyewe nyumbani na watoto wetu. Nilimwambia usoni akakubali, akasema hati ya majibu inayofuata ataiandika kwa Kiswahili. Naingojea. Tatu ngazi, ghorofa tatu hakuna lifti, tuna mama ana miguu ya kuvimba ilibidi wakili ashuke chini amsainishe dukani kwa mwenye vipuri. Alishuka lakini.

Nani aende hapo? Mwenye kesi inayohusu uamuzi wa ofisi ya umma, au ambaye kesi yake imepigwa pingamizi na wakili wake amenyamaza. Mgogoro wa kiwanja na jirani yako huko Buhongwa au Kisesa usikimbilie kwake, mwenyewe atakurudisha baraza la kata mkapatanishwe kwanza, ndivyo sheria ilivyo siku hizi, na hatakula hela yako bure. Mdogo wangu alirudishwa hivyohivyo bila kulipa hata mia.

Ukienda beba barua yako halisi, sio picha, na kama mtu aliyeipokea aliandika tarehe nyuma yake usiifute wala usiiandike upya. Ya kwetu mwenyekiti alikuwa ameandika kwa peni ya bluu, "imepokelewa 10/2 saa 5 asubuhi", na saini yake. Imepakaa mafuta ya dagaa kwenye kona. Wakili aliitia kwenye bahasha ya nailoni mbele yangu, akafunga, akaniandikia risiti kwamba ameipokea.